Star Wars: filamu tatu zilizozomewa zamani zapimwa upya, nini kimesameheka na nini bado

Tarehe 25 Aprili 2025, kumbi za sinema za Marekani na za nchi nyingine nyingi zilirudisha kwenye skrini filamu iliyokuwa inatimiza miaka 20: La Revanche des Sith, yaani Kisasi cha Sith, sehemu ya tatu ya mfululizo wa Star Wars. Filamu hiyo inapatikana kwenye intaneti, inauzwa kwenye diski, na kila shabiki anajua namna inavyoisha. Hata hivyo, katika siku tatu za kwanza iliingiza karibu dola milioni 25 huko Amerika ya Kaskazini peke yake, na ikashika nafasi ya pili kati ya filamu zote zilizoonyeshwa mwisho wa juma hilo.

Miaka kumi na mitano iliyopita, watu wachache wangetabiri hivyo. Filamu tatu ambazo George Lucas alizitoa mwaka wa 1999, 2002 na 2005 zilikuwa zimegeuka mfano wa kila kitu ambacho muongozaji tajiri hapaswi kukifanya. Wahakiki walizishambulia, mashabiki wa zamani walizikana, na baadhi ya waigizaji wake waliishi miaka mingi chini ya kejeli.

Leo mambo yamegeuka. Vijana waliozitazama wakiwa watoto wanazitetea bila haya. Wengine wanasema zilieleza kifo cha demokrasia vizuri kuliko filamu nyingi zilizopewa tuzo. Swali linalobaki ni hili: je, filamu hizo zilionewa, au ni kumbukumbu za utoto tu zinazozipaka rangi nzuri?

Miaka 16 ya kungoja

Ili kuelewa hasira ya mwaka wa 1999, ni lazima kurudi nyuma. Star Wars ya kwanza, ambayo wasemaji wa Kifaransa waliijua kwa jina La Guerre des étoiles, ilitoka tarehe 25 Mei 1977. Nyingine mbili zilifuata mwaka wa 1980 na 1983. Zilisimulia vita kati ya kikundi cha waasi na Himaya katili, na adui mkubwa alikuwa Darth Vader, ambaye watazamaji wa toleo la Kifaransa wanamuita Dark Vador: mtu mwenye nguo nyeusi, kofia ya chuma na pumzi nzito. Mwishoni, watazamaji waligundua kwamba zamani mtu huyo alikuwa Jedi mwema aliyeitwa Anakin Skywalker.

Kwa miaka 16 baada ya hapo, hakuna filamu mpya ya mfululizo huo iliyoingia katika kumbi za sinema. Kila shabiki alijijengea kichwani mwake hadithi ya namna Anakin alivyoanguka. Lucas alipotangaza kwamba ataisimulia mwenyewe, kiu ilikuwa kubwa kupita kiasi. Mwezi wa Novemba 1998, watu walilipa tiketi za filamu nyingine, Meet Joe Black, ili tu waone dakika mbili za dondoo la Star Wars mpya, kisha wakatoka kabla filamu yenyewe haijaanza. Huko Hollywood, mashabiki walipanga foleni mbele ya ukumbi majuma kadhaa kabla ya siku ya kwanza.

Tarehe 19 Mei 1999, La Menace fantôme, yaani Tishio la Kivuli, ilitoka. Upande wa pesa, ilikuwa ushindi: iliingiza zaidi ya dola milioni 900 duniani, na hakuna filamu nyingine ya mwaka huo iliyoifikia. Upande wa mioyo, mashabiki waliokuwa watoto mwaka wa 1977 na ambao sasa walikuwa na miaka 30 au zaidi walitoka ukumbini wakiwa wameduwaa. Walitarajia kumuona Vader akizaliwa. Walionyeshwa mvulana wa miaka tisa anayependa mashindano ya magari ya angani, kiumbe mwenye masikio marefu anayejikwaa kila hatua, na maseneta wanaobishana juu ya kodi.

Makosa yaliyokuwa ya kweli

Itakuwa si haki kusema kwamba hasira yote hiyo ilikuwa ya bure. Filamu hizo zina makosa, na muda haujayafuta.

Kosa la kwanza ni mazungumzo. Lucas hajawahi kusifiwa kwa maneno anayowapa waigizaji. Hata katika filamu ya kwanza, Harrison Ford alimtania kwamba maneno yale yanaandikika kwenye mashine lakini hayasemeki mdomoni. Tofauti ni kwamba filamu ya mwaka wa 1980, inayosifiwa kuliko zote, iliongozwa na Irvin Kershner, na muswada wake uliandikwa na Leigh Brackett na Lawrence Kasdan. Mwaka wa 1999, Lucas alirudi kwenye kiti cha muongozaji baada ya miaka 22, akaandika mwenyewe, na gharama akazilipa kutoka mfuko wake. Hakukuwa na bosi wa kumwambia hapana. Katika filamu ya hali halisi kuhusu utengenezaji wa La Menace fantôme, anaonekana baada ya kutazama toleo la awali akikubali kwamba huenda mahali fulani amevuka mipaka.

Matokeo yanaonekana zaidi katika L'Attaque des clones, yaani Shambulio la Makloni, ya mwaka wa 2002. Mapenzi kati ya Anakin na Seneta Padmé Amidala, ambayo ndiyo moyo wa hadithi yote, yanasemwa kwa sentensi ngumu kama mbao. Hayden Christensen, kijana wa Kanada aliyechaguliwa akiwa na miaka 19, alibebeshwa lawama zote. Alipewa hata tuzo ya dhihaka ya Razzie, inayotolewa kwa waigizaji wabaya wa mwaka.

Lakini Christensen huyo huyo, kwa filamu yake ya mwaka wa 2001, Life as a House, alikuwa ametajwa kati ya wanaowania tuzo ya Golden Globe. Naye Natalie Portman, aliyeigiza Padmé, alieleza baadaye kwamba baada ya Star Wars waongozaji wengi walimuona kuwa mwigizaji mbaya na hawakutaka kufanya naye kazi. Mwaka wa 2011 alishinda Oscar kwa filamu Black Swan. Waigizaji wawili wenye uwezo, ndani ya filamu moja, wakaonekana kama vile hawajui kazi. Mwenye jicho la haki ataangalia kwanza aliyeandika maneno na aliyeongoza kamera.

Kosa la pili ni mazingira ya kazi. Lucas alikuwa mtu wa mbele katika ufundi. L'Attaque des clones ilikuwa kati ya filamu kubwa za kwanza kupigwa yote kwa kamera za dijitali, na leo karibu dunia yote ya sinema inafuata njia hiyo. Lakini waigizaji walisimama mara nyingi ndani ya vyumba vitupu vilivyofunikwa vitambaa vya bluu au kijani, wakizungumza na watu ambao wangeongezwa baadaye kwa kompyuta. Askari wote wa makloni wanaoonekana wamevaa mavazi ya vita katika filamu ya pili na ya tatu walichorwa kwa kompyuta. Hakuna vazi hata moja lililoshonwa. Macho ya mtazamaji yanashangaa, lakini mara nyingine mwili hausikii uzito wowote.

Hata hapo, dai kwamba “kila kitu kilikuwa kompyuta” si kweli. Filamu ya mwaka wa 1999 ilitumia vijumba na miji midogo ya kujengwa kwa mikono. Katika uwanja wa mashindano, umati wa watazamaji unaoonekana kwa mbali ulitengenezwa kwa vijiti vya pamba vya kusafishia masikio, vilivyopakwa rangi. Na jangwa la sayari ya Tatooine lilipigwa picha barani Afrika, kusini mwa Tunisia, ambako maghala ya kale ya nafaka yaligeuzwa nyumba za watumwa.

Kodi, Seneti na makofi

Kitu kilichochekwa zaidi mwaka wa 1999 ndicho kinachosifiwa zaidi leo: siasa.

Hadithi inaanza na mzozo wa kodi kwenye njia za biashara. Shirikisho la wafanyabiashara wenye jeshi lao linaizingira sayari ndogo ya Naboo. Malkia wake kijana anakwenda makao makuu kuomba msaada kwa Seneti. Huko, wajumbe wanapendekeza kwanza tume itumwe kuchunguza kama kweli kuna watu wanaoteseka. Wahakiki wengi wa Marekani waliona sehemu hiyo inachosha. Kwa msomaji wa Goma, Bukavu, Bunia au Uvira, njia ya biashara iliyofungwa, chakula kinachopungua na wakubwa wanaojadiliana mbali ni mambo yasiyohitaji maelezo mengi.

Katika kukata tamaa huko, malkia anasikiliza shauri la seneta wa kwao, mzee mpole anayeitwa Palpatine. Anaomba kura ya kutokuwa na imani na kiongozi wa Jamhuri. Kiongozi anaanguka, na Palpatine anachukua kiti chake. Malkia hajui kwamba mzee huyo ndiye aliyepanga kuzingirwa kwa sayari yake.

Katika filamu ya pili, sayari nyingi zinajitenga, na vita vinanukia. Palpatine anahitaji mamlaka ya dharura ili aunde jeshi. Hayachukui kwa nguvu. Anangoja mtu mwingine amuombe ayapokee. Anayesimama mbele ya Seneti kutoa pendekezo hilo ni Jar Jar Binks, kiumbe yule yule wa kuchekesha ambaye watu wote walitamani aondolewe. Kwa nia nzuri kabisa, akiamini anatetea nchi yake, anampa dikteta ufunguo wa nyumba. Seneti inashangilia.

Hapo ndipo filamu hizi zinaposema jambo ambalo sinema za mashujaa hazipendi kulisema: utawala wa mtu mmoja huletwa pia na wapumbavu wenye moyo safi, na waoga waliochoka, na watu wema waliokubali kufumba jicho “kwa muda tu”. Jar Jar, aliyeonekana kuwa kosa kubwa la Lucas, anakuwa moja ya vipande muhimu vya hadithi.

Katika filamu ya tatu, Palpatine anaendesha vita akiwa pande zote mbili, kisha anatangaza kwamba Jamhuri imegeuka Himaya, kwa usalama wa wote. Maseneta wanapiga makofi. Padmé, ameketi kati yao, anatambua kwamba uhuru umekufa mbele yake na watu wanaushangilia msiba huo. Sentensi yake inarudiwa leo katika maandamano na makala za siasa za nchi mbalimbali.

Filamu hiyo ilipoonyeshwa katika tamasha la Cannes mwezi wa Mei 2005, wakati wa vita vya Iraki, waandishi wa habari walimuuliza Lucas kama alikuwa anamlenga Rais George W. Bush. Alijibu kwamba wazo lake lilianza zamani, wakati wa vita vya Vietnam na utawala wa Richard Nixon, alipojiuliza namna demokrasia zinavyojigeuza zenyewe kuwa udikteta. Alitaja mifano ya kihistoria: Kaisari wa Roma, Napoleon, Hitler. Ndiyo sababu hadithi haikuzeeka. Iliandikwa juu ya kanuni ambayo historia inairudia, na kila kizazi kinaona humo sura ya mtawala wake.

Kuna pia lawama dhidi ya Jedi wenyewe, ambayo watazamaji wengi hawakuiona zamani. Watawa hao wenye panga za mwanga wanamkuta Anakin akiwa mtumwa pamoja na mama yake, Shmi. Wanamchukua mtoto kwa sababu ana kipaji, na kumuacha mama utumwani. Qui-Gon Jinn, Jedi mwema kuliko wote, anasema wazi kwamba hakuja kukomboa watumwa. Miaka kumi inapita bila mtu yeyote kutoka katika hekalu hilo tajiri kurudi kumuulizia. Mkulima mmoja ndiye anayemnunua, kumuacha huru na kumuoa. Mwana anapomfikia hatimaye, mama anamfia mikononi. Baadaye, Jedi hao hao wanakubali kuongoza jeshi la watu waliotengenezwa ili wafe, bila kuuliza nani aliliagiza. Wanapoangamizwa na jeshi hilo, mtazamaji analia, lakini anaelewa.

Watoto wamekuwa wakubwa

Mabadiliko ya maoni yana pia sababu rahisi: umri. Mtoto aliyekuwa na miaka minane mwaka wa 1999 alikuwa na miaka 34 filamu ya tatu iliporudi kwenye skrini mwaka wa 2025. Kwake yeye, Star Wars ilianza na Anakin mdogo, na mashindano ya magari, na Darth Maul mwenye uso mwekundu na mweusi akipigana na Jedi wawili huku kwaya ya John Williams ikiimba. Hakuwa na miaka 16 ya kungoja, kwa hiyo hakuwa na kitu cha kulinganisha. Sasa yeye ndiye anayeandika makala, anayetengeneza video, anayenunua tiketi.

Kazi nyingine iliziba mashimo. Kuanzia mwaka wa 2008, filamu za katuni za The Clone Wars, zilizosimamiwa na Dave Filoni chini ya Lucas, zilisimulia vita ambavyo filamu ziliviruka. Makloni walipewa majina, utani, woga na urafiki. Anakin alipewa mwanafunzi, Ahsoka Tano, na kupitia huyo watazamaji walimpenda kabla ya kumpoteza. Wengi wanaolia leo wakitazama filamu ya tatu wanalia kwa sababu ya mambo waliyoyaona katika katuni. Mwenye kupima filamu zenyewe anapaswa kukumbuka hilo: sehemu ya uzito wake ni mkopo.

Halafu Disney ikainunua kampuni ya Lucas mwaka wa 2012 kwa dola bilioni nne na zaidi kidogo, na kutoa filamu nyingine tatu kati ya mwaka wa 2015 na 2019. Ya kwanza ilifuata kwa karibu njia ya filamu ya 1977. Ya pili iligawanya mashabiki vikali. Ya tatu ilionekana kujaribu kufuta yaliyosemwa katika ya pili. Baada ya hapo, watu wengi waliziangalia tena kazi za Lucas kwa macho mengine. Zilikuwa na kasoro, lakini zilikuwa na mtu mmoja aliyejua anataka kusema nini tangu mwanzo hadi mwisho, na aliyethubutu kutorudia mafanikio yake ya zamani.

Walioumia kweli

Kuna upande wa historia hii ambao hauhusu ladha. Unahusu watu.

Ahmed Best alikuwa na miaka 25 La Menace fantôme ilipotoka. Kijana huyo Mweusi wa Marekani alikuwa akicheza katika onyesho la muziki na dansi liitwalo Stomp alipogunduliwa. Alipewa kazi ambayo karibu hakuna aliyekuwa ameifanya: kumpa Jar Jar mwili na sauti, ili kompyuta ifuate mienendo yake. Alikuwa mwanzilishi wa mbinu ambayo ilitumiwa baadaye kwa wahusika wengi mashuhuri wa sinema. Lakini sifa hazikumfikia. Kilichomfikia kilikuwa chuki: katika magazeti, katika televisheni, na katika intaneti iliyokuwa bado changa. Mwezi wa Julai 2018 alieleza hadharani kwamba mashambulio hayo yalimfikisha mahali pa kufikiria kukatisha maisha yake. Aliandika hayo pamoja na picha yake akiwa na mtoto wake wa kiume.

Jake Lloyd, aliyeigiza Anakin mdogo, alikuwa na miaka kumi tu. Aliacha uigizaji mwaka wa 2001, na baadaye alisimulia namna wanafunzi wenzake walivyomkejeli shuleni.

Hao hawakuandika muswada. Hawakuchagua maneno, wala hawakuwa na uwezo wa kukata hata dakika moja ya filamu. Mwenye uamuzi alikuwa bilionea, na yeye alikuwa na ukuta wa kumkinga. Mawe yaliyorushwa kwake yaliwaangukia waliosimama mbele ya ukuta.

Katika miaka ya karibuni, kuna jitihada za kutengeneza. Mwezi wa Aprili 2019, katika mkutano wa mashabiki huko Chicago, ukumbi mzima ulisimama kumpigia makofi Ahmed Best. Mwezi wa Machi 2023 alirudi katika mfululizo wa televisheni The Mandalorian, safari hii akiwa Jedi mwenye panga mbili anayemuokoa mtoto Grogu kutoka katika mauaji. Hayden Christensen naye alirudi katika Obi-Wan Kenobi mwaka wa 2022 na Ahsoka mwaka wa 2023, akashangiliwa na kizazi kile kile kilichokua naye.

Furaha hiyo ni ya kweli. Lakini inafaa kusema kwamba aliyeumizwa akiwa na miaka 25 hawezi kurudishiwa miaka ya kazi aliyoikosa. Mashabiki wanaposema leo kwamba filamu hizo “zimesafishwa”, neno hilo linafaa kwa filamu. Kwa watu, linalofaa ni deni.

Yasiyofaa kusafishwa

Ubaya wa wimbi hili la sifa ni kwamba linaweza kufagia pia lawama zilizokuwa za haki.

Mwaka wa 1999, waandishi kadhaa wa magazeti makubwa ya Marekani walionya kwamba Jar Jar, kwa lafuzi yake iliyofanana na ya watu wa Karibea, kwa mwendo wake na ujinga wake, alikumbusha namna sinema ya zamani ya Marekani ilivyowachora Weusi ili kuwachekesha Wazungu. Walimlinganisha na Stepin Fetchit, mwigizaji wa miaka ya 1930 anayekumbukwa kama alama ya dhihaka hiyo. Walisema pia kwamba Watto, mfanyabiashara anayemiliki watumwa na mwenye pua kubwa, alibeba kejeli za kale dhidi ya Wayahudi na Waarabu, na kwamba wakuu wa shirikisho la biashara walisemeshwa kwa lafuzi ya kuiga Waasia. Lucas na kampuni yake walikanusha kuwa na nia hiyo. Mtazamaji aliyetumia toleo la Kifaransa hakusikia lafuzi zenyewe za Kiingereza, na pengine ndiyo sababu mjadala huo ulimpita. Lakini nia si kipimo pekee. Picha ya dhihaka inapokuwa imezoeleka, mtu anaweza kuirudia bila kujua ameiokota wapi.

Mambo haya mawili yanakaa pamoja: Ahmed Best alitendewa vibaya, na mhusika aliyepewa alichorwa vibaya. Kumtetea wa kwanza hakulazimishi mtu yeyote kumtetea wa pili.

Vilevile, katika filamu ya pili, Anakin anaua kijiji kizima cha watu wa jangwani, pamoja na wanawake na watoto, ili kulipiza kifo cha mama yake. Anamwambia Padmé. Padmé anamfariji, na kabla filamu haijaisha anafunga naye ndoa. Hakuna anayewalilia waliokufa. Anakin mwenyewe anasema aliwachinja kama wanyama, na hadithi inaendelea. Filamu inayotaka kutufundisha namna uovu unavyozaliwa ilikuwa na wajibu wa kusimama hapo kidogo.

Na Padmé mwenyewe, malkia aliyeongoza vita katika filamu ya kwanza, anafika katika ya tatu akiwa mke anayengoja nyumbani. Lucas alikuwa amepiga picha za sehemu ambamo anashiriki kuunda upinzani wa siri dhidi ya Palpatine pamoja na maseneta wengine. Sehemu hizo zilikatwa. Anakufa akiwa anajifungua, kwa sababu amepoteza hamu ya kuishi. Mwanamke aliyeona mapema kuliko wote kwamba uhuru unakufa alistahili mwisho mwingine.

Kupima upya

Yaliyochanganywa mwaka wa 1999 yanaweza kutenganishwa leo. Mazungumzo mabaya yalikuwa mabaya, na yangali. Tamaa ya mashabiki kuona filamu waliyoiota vichwani mwao halikuwa kosa la filamu. Dhihaka za rangi na kabila zilizoonywa na wachache zilistahili kusikilizwa, lakini sauti hizo zilimezwa na kelele za waliochukia tu. Na ukatili dhidi ya kijana mmoja na mtoto mmoja haukuwa uhakiki.

Kilichobaki baada ya kuchuja ni hadithi yenye nguvu kuliko wengi walivyokubali: jamhuri tajiri, iliyochoka na rushwa, inayotafuta mtu mwenye mkono wa chuma, inampata, na inamshangilia. Mtazamaji anayeanza leo anaweza kuvumilia mapenzi ya mbao ya filamu ya pili ili afikie saa ya mwisho ya filamu ya tatu. Akiwa na watoto karibu naye, awaachie Jar Jar wao wacheke. Kisha wakishakua kidogo, awarudishe kwenye sehemu ile Jar Jar anaposimama mbele ya Seneti, na awaulize kwa nini watu wote walikuwa wanapiga makofi.